Rubabi na kastadi: kitindamlo cha baridi cha kutengeneza nyumbani

Mwanzoni mwa mwaka, mashamba ya Uingereza yakiwa yamelala kwa baridi, kwenye masoko na maduka makubwa ya huko hutokea mafungu ya mabua marefu membamba yenye rangi ya waridi. Mzaliwa wa Mombasa au Tanga anayeishi Leeds au Leicester huyapita mara nyingi bila kujua huliwaje, na akimega kipande akakitafuna kibichi hukunja uso papo hapo. Hiyo ndiyo rubabi. Waingereza huipika kwa sukari na kuila na kastadi, ikiwa ya moto wakati wa baridi na ya ubaridi siku zinapopata joto. Hiyo ya ubaridi ndiyo tutakayoitengeneza hapa, na maelezo haya ni kwa mtu ambaye hajawahi kuishika rubabi mkononi.

Upishi wenyewe si mgumu. Lakini una jambo moja ambalo usipolijua utamwaga maziwa yako. Rubabi ina asidi nyingi, pH yake ikiwa karibu 3, na maziwa yakichanganywa na kitu kikali namna hiyo hukatika. Yakiwa ya moto hukatika upesi zaidi. Kwa hiyo rubabi hupikwa peke yake, ikachujwa maji na kupozwa. Kastadi nayo hupikwa peke yake, ikapozwa. Viwili hivyo hukutana vikiwa baridi kabisa. Mapishi mengi hulitaja jambo hili kwa nusu sentensi katikati ya maelezo, na hapo ndipo watu wengi huharibikiwa, kwa kuwa hakuna aliyewaambia sababu.

Kabla ya kupika: majani hayaliwi

Kinacholiwa kwenye rubabi ni bua tu, yaani kile kikonyo kinene kinachobeba jani. Jani lenyewe ni sumu. Lina asidi ya oksaliki kwa wingi, na mtu akilila anaweza kuungua mdomo na koo, kutapika, kuhara na kuumwa tumbo vibaya, na akila mengi figo huathirika. Kwetu sisi tuliolelewa kwa mboga za majani, kisamvu, matembele, majani ya maboga, onyo hili nalitilia mkazo kwa makusudi. Jani la rubabi ni pana, bichi, la kuvutia, na mkono uliozoea kutotupa mboga utataka kulitia sufuriani. Wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, chakula kilipokuwa haba Uingereza, watu walishauriwa kuyala majani haya na wapo waliodhurika. Kuyachemsha hakuondoi sumu.

Rubabi za dukani kwa kawaida zimekwisha kukatwa majani, ila hubakia kishungi kidogo juu. Kikate pamoja na sentimita moja au mbili za bua, ukitupe. Ukipewa rubabi na jirani kutoka bustanini kwake, yaondoe majani kabla hujaiingiza jikoni, hasa kama nyumba ina watoto. Majani hayo unaweza kuyatia kwenye shimo la mboji, kwa kuwa asidi yake huvunjika yakioza. Mtu akiyala akiwa Uingereza, ushauri hutolewa kwa simu namba 111, na akizidiwa ni 999.

Bua lenyewe lina asidi hiyo pia, ila kidogo, na mtu mwenye afya akila kwa kiasi halimdhuru. Aliyewahi kuugua mawe ya figo, au mwenye ugonjwa wa figo, amwulize daktari wake kwanza, kwa kuwa mawe mengi ya figo hutengenezwa na oksalati ikiungana na kalisi. Mwenye kisukari naye azingatie kwamba rubabi haina sukari nyingi kwa asili, lakini haiwezi kulika bila kutiwa sukari, na ya kutosha.

Kuchagua rubabi

Ziko za aina mbili kwa msimu. Ya Januari hadi Machi ni ile iliyokuzwa gizani, na sifa yake kubwa hutoka Yorkshire, katika eneo dogo lililo kati ya Wakefield, Morley na Rothwell. Mizizi hukaa shambani miaka 2 bila kuvunwa, ikijiwekea chakula. Ikishapigwa na baridi kali ya mwanzo wa majira ya baridi hung'olewa na kuingizwa kwenye mabanda marefu yenye joto, yasiyo na mwanga hata kidogo. Humo chipukizi hukua haraka likitafuta jua lisilokuwepo. Kwa kuwa halipati mwanga halitengenezi ukijani, basi bua hutoka laini, la waridi iliyokolea, na jani lake la juu huwa dogo la rangi ya njano. Wavunaji huingia na mishumaa, maana mwanga mkali ungeanza kulikomaza bua. Mwaka 2010 Umoja wa Ulaya ulilipa zao hilo jina linalolindwa kisheria. Bei yake ni kubwa kuliko ya rubabi ya kawaida, na kwa kitindamlo hiki inastahili, kwa sababu hubaki na rangi yake hata ikiiva.

Ya pili ni ya shambani, inayoanza Aprili na kuendelea hadi katikati ya mwaka. Mabua yake ni manene, mekundu kwa chini na kijani kwa juu, na uchachu wake ni mkali zaidi. Usidhani bua jekundu ndilo tamu na la kijani ni bichi. Rangi hutegemea aina ya mbegu. Tazama ugumu wake. Bua zuri hukatika kwa mlio ukilikunja. Lililolegea kama limekaa dukani sana bado linafaa kupikwa, ila lililolainika kwa kupigwa na barafu bustanini liache.

Usiitafute kwenye matunda tu, kwani mahali pengine huwekwa kwenye mboga. Kwa asili ni mboga, ingawa mahakama moja ya forodha ya Marekani, mjini Buffalo, iliamua mwaka 1947 kwamba ihesabiwe kuwa tunda, kwa kuwa jikoni hutumika kama matunda. Ya kugandishwa kwenye friza inafaa kabisa. Iyeyushe ndani ya chujio, maji yake uyakinge kwenye bakuli. Ya kopo imelainika mno na imeshatiwa sukari. Ukiitumia, ichuje vizuri na usiongeze sukari kabla ya kuonja.

Sufuria

Hapa nina ombi kwa wenzangu waliohama na sufuria zao, au wanaopika kwa zile zile za aluminiamu zilizojaa majikoni mwetu kuanzia Kigoma hadi Lamu. Usipikie rubabi humo. Asidi yake huila aluminiamu. Utaona sufuria iliyokuwa nyeusi kwa ndani imetakata na kung'aa, na kile kilichotakata kimeingia kwenye chakula chako kikakipa ladha ya chuma. Tumia sufuria ya chuma kisichoshika kutu, ya enameli isiyobanduka, au bakuli la kioo au udongo la kuingia kwenye oveni. Wala usiifunike kwa karatasi ya foili inayogusa rubabi yenyewe.

Kuipika rubabi

Kwa watu 6 chukua gramu 500 za rubabi iliyokwisha kusafishwa. Ya gizani haimenywi kabisa. Ya shambani, ikiwa nene, vuta zile nyuzi ngumu za nje kwa kisu, kama unavyovuta nyuzi za maharagwe mabichi. Kata vipande vya urefu wa sentimita 3. Nyunyizia sukari gramu 120, au gramu 100 kama ni ya gizani, kwaruza ganda la chungwa moja juu yake, changanya, uache nusu saa. Sukari itavuta maji ya rubabi yenyewe, na ukiyaona yamejaa chini ya bakuli utaelewa kwa nini hapa haitiwi hata tone la maji ya bomba. Rubabi karibu yote ni maji. Anayeongeza mengine hupata uji.

Njia ninayoipenda ni ya oveni. Washa nyuzi 180, panga vipande kwa safu moja, funika, uoke dakika 15. Kisha choma kimoja kwa ncha ya kisu. Kisu kikiingia bila kulazimishwa na kipande kikabaki na umbo lake, toa. Kama bado, rudisha dakika 5. Usitoke jikoni katika dakika hizo za mwisho, kwa sababu rubabi hubadilika ghafla. Muda mfupi huu ni vipande, ukigeuka imesambaratika. Ikisambaratika bado inalika na ladha ni ile ile, ila kitindamlo hakitakuwa na vipande vya kutafuna.

Asiye na oveni atumie sufuria pana, moto mdogo, mfuniko juu, dakika 8 hadi 10, akiitikisa sufuria kwa mkono badala ya kukoroga kwa mwiko. Mwiko ndio unaovunja.

Sasa mimina yote kwenye chujio juu ya bakuli, uiache ijichuje yenyewe bila kuikamua. Kitu utakachokinga chini ni sharubati ya waridi, na usiimwage. Ichemshe kwenye sufuria ndogo mpaka ipungue nusu na kuwa nzito. Itamiminwa juu wakati wa kula. Rubabi ikipoa iingie kwenye friji, angalau saa 2.

Suala la rangi halina budi kusemwa. Rubabi ya shambani yenye kijani kingi ikiiva hutoka rangi ya kahawia iliyofifia, na wageni huitazama kwa mashaka. Waingereza huitilia stroberi chache. Mtu mwenye rosela kavu kabatini, ile ya kutengenezea juisi, anaweza kutia maua mawili matatu kwenye bakuli la kuokea na kuyatoa baadaye. Rangi hukolea, na uchachu wa rosela unakubaliana na wa rubabi. Ongeza tu kijiko kimoja kikubwa cha sukari.

Kastadi

Unga wa kastadi tunaujua. Ni wageni wachache waliozoeleka majikoni mwetu kama kopo lile, na katika futari za mwezi wa Ramadhani bakuli la kastadi ya matunda halikosekani kwenye nyumba nyingi. Aliyeubuni ni Alfred Bird, mwanakemia wa Birmingham, mwaka 1837, kwa sababu mkewe mayai yalikuwa yakimdhuru. Ndiyo maana unga huo kwa asili ni wanga wa mahindi, rangi na harufu, bila yai. Kwa mwenye mzio wa mayai ndiyo njia salama hata leo, ila asome lebo, maana si watengenezaji wote wanaofuata mapishi ya Bird.

Kwa kastadi ya unga: maziwa mililita 500, unga vijiko vikubwa 3 vya kujaa, sukari vijiko vikubwa 3. Unga na sukari vikorogwe kwanza kwa maziwa kidogo ya baridi mpaka visiwe na madonge. Maziwa yaliyobaki yachemke, uyamimine juu ya mchanganyiko huku unakoroga, halafu urudishe jikoni mpaka yatokote na kuwa mazito. Ni nzito kuliko kastadi ya kumimina, na inapaswa kuwa hivyo, kwa kuwa itabeba rubabi.

Ya mayai ina ladha kamili zaidi, na nakusihi uijaribu ukishaizoea ya unga. Chukua maziwa yenye mafuta yake yote mililita 500, viini vya mayai 4, sukari gramu 70, konflawa gramu 30 na punje 4 za iliki zilizopasuliwa. Iliki haimo katika desturi ya Kiingereza, wao hutumia vanila, lakini na rubabi hukaa vizuri sana, na mimi sioni sababu ya kuiacha. Asiyeitaka atie arki ya vanila mwishoni.

Pasha maziwa na iliki mpaka yaanze kufuka mvuke, zima, funika dakika 10. Katika bakuli piga viini, sukari na konflawa mpaka viwe laini na rangi ipauke. Chuja maziwa, uyamimine juu ya viini polepole, kama uzi, mkono wa pili ukipiga bila kusita. Ukimimina yote kwa pamoja yai litaiva kwenye joto la ghafla na utapata vipande vya yai ndani ya maziwa. Rudisha mchanganyiko kwenye sufuria, moto wa wastani, ukoroge ukigusa chini na pembeni mpaka utoe mapovu mazito yanayopasuka juu. Tangu hapo endelea dakika nzima.

Dakika hiyo huogopwa na wengi, kwa sababu tumeambiwa kwamba kastadi ya mayai isichemke. Sharti hilo ni la kastadi ya mayai matupu, ambayo ikivuka nyuzi 80 na kitu hukatika. Hii ina konflawa, na wanga huzuia viini visigandamane. Tena lazima ichemke: ndani ya kiini kuna kimeng'enya kinachovunja wanga, na kisipouawa kwa moto huendelea na kazi yake usiku kucha kwenye friji. Unailaza kastadi ikiwa nzito, unaamka ni maji. Watu hulaumu friji, au maziwa, kumbe ni sekunde 60 zilizokosekana jikoni.

Mimina kwenye bakuli safi. Chukua nailoni ya kufunikia chakula uilaze moja kwa moja juu ya kastadi, iiguse kote, usiwambe tu kwenye mdomo wa bakuli. Pasipo hewa hapashiki utando. Weka bakuli ndani ya beseni la maji ya baridi ipoe upesi, kisha friji, saa 3. Isikae nje kwenye joto la jikoni zaidi ya saa 2 kwa jumla, kwani maziwa na mayai yaliyo vuguvugu ni makazi mazuri ya vijidudu.

Kukutanisha

Toa kastadi. Itakuwa imeganda, usishtuke. Ipige kwa waya wa kupigia mayai mpaka iwe laini tena. Kwenye bakuli jingine piga krimu nzito mililita 200, baridi kutoka friji, mpaka isimame kidogo na ncha yake ilale ukiinua waya. Usiendelee kupiga, itageuka siagi. Changanya krimu kwenye kastadi kwa kuikunja taratibu kutoka chini kuja juu, kwa mwiko mpana.

Kisha rubabi. Onja kipande kwanza ikiwa baridi, kwa kuwa ubaridi hupunguza utamu ulimini, na kilichokuwa kitamu kikiwa moto sasa kinaweza kuwa kikali. Kama ni hivyo, tia sukari laini kidogo kwenye krimu. Mimina rubabi, ukunje mara tatu nne tu, uache mistari ya waridi ionekane ndani ya njano ya kastadi. Kila kijiko kipate sehemu kali na sehemu tamu. Ukichanganya hadi rangi iwe moja, umepoteza kile kilichokufanya ununue rubabi.

Gawa kwenye glasi 6, uzirudishe kwenye friji saa moja au mbili. Wakati wa kuandaa mimina kijiko cha sharubati juu na uvunjie biskuti ya tangawizi. Biskuti isiwekwe mapema, hulowa.

Hakuna jelatini katika mapishi haya, na haihitajiki. Nalisema kwa ajili ya Waislamu wanaonunua vitindamlo vya aina hii vilivyo tayari madukani Ulaya: jelatini nyingi huko hutokana na nguruwe, na krimu za kuganda huitiwa mara nyingi, kwa hiyo lebo isomwe. Asiyekula maziwa naye ana njia. Atumie unga wa kastadi na maziwa ya soya au shayiri, na badala ya krimu achukue tui zito lililokaa friji usiku kucha, ile sehemu nene ya juu. Ladha inaelekea pwani zaidi kuliko Yorkshire, na inapendeza.

Kwa aliyeko nyumbani Afrika Mashariki rubabi ni adimu, kwa sababu mmea huu unapenda baridi. Njia yenyewe haikatazi matunda mengine makali. Mabungo yaliyochemshwa na sukari kisha kuchujwa kokwa, au embe mbichi iliyopikwa hadi kulainika, hukaa vizuri na kastadi hii kwa masharti yale yale ya kupozwa kila kimoja kando. Nanasi na papai vipikwe kwanza, kwa kuwa vikiwa vibichi vina vimeng'enya vinavyovunja protini ya maziwa na kuleta uchungu. Sukari ipimwe kwa kuonja, maana mabungo ya mti mmoja na ya mti mwingine hayalingani.

Kikiwa kimefunikwa, kwenye friji isiyozidi nyuzi 5, kitindamlo hiki hukaa siku 2. Siku ya tatu rubabi huwa imetoa maji na kastadi imelegea. Kukigandisha kwenye friza hakufai, wanga huachana na maji yake kikiyeyuka. Ukitaka kuandaa mapema kwa ajili ya wageni, oka rubabi siku 3 kabla na uiweke na sharubati yake, kastadi uipike siku moja kabla, krimu uipige siku yenyewe.